Mji Ulioandikwa Mtupu

Kambini, Mashariki
9 Novemba

Dada,

Shikamoo. Natumaini barua hii itakukuta mzima, na goti la Mama limepoa. Sisi huku hatujambo. Wifi yako ameingia mwezi wa tano, na mimba yake imechagua adui mmoja tu, harufu ya sabuni. Kwa hiyo anayefua ni mimi. Sajini mzima, mkuu wa chumba cha redio, naanika magauni uani na vijana wangu wanapita wakijikohoza ili wasicheke. Wacheke tu. Nao wataoa.

Matokeo ya uchaguzi umeyasikia, lakini kusikia si kuona. Watu wa Mashariki walipanga foleni tangu alfajiri. Nilimwona bibi kizee amebebwa mgongoni na mjukuu wake, amekamata kitambulisho kwa meno kwa sababu mikono yote miwili ilikuwa shingoni mwa kijana. Ilipotangazwa kwamba chama chao kimepata viti vingi kuliko vyama vyote vya nchi nzima, mji ulifurika kwa furaha. Walitukumbatia hata sisi askari wa kutoka Magharibi. Muuza magazeti wa nje ya geti alinipa gazeti bure, akasema, "Afande, miaka yote hii tulikuwa wapangaji. Leo na sisi tumekuwa wenye nyumba."

Nilipomsimulia wifi yako, akajibu bila kuinua kichwa: "Ngoja kwanza wenye funguo wakubali kuzitoa." Yeye ni mtu wa huku, anawajua wakubwa wetu kuliko ninavyowajua mimi. Wewe unakaa mlango wa pili kutoka kwao, Dada. Watazitoa?

Brigedia wetu ni yule yule. Kila siku saa nne asubuhi anashuka na kikaratasi chake. "Tuma." Maneno hayabadiliki: Hali ni shwari. Wiki iliyopita upepo uling'oa paa la ghala, askari kumi na mmoja walilazwa kwa kuhara, na wanafunzi waliandamana mpaka getini. Nikatuma: Hali ni shwari. Vijana sasa wanamwita Bwana Shwari, na siku moja watajisahau wamwite hivyo mbele yake.

Barua hii naituma kwa rubani wa ndege ya mizigo, yule mwenzetu uliyesoma naye. Haipiti kwa wakaguzi, kwa hiyo na wewe andika kama unavyosema.

Mdogo wako,
Kitinda


Makao Makuu ya Jeshi
2 Desemba

Kitinda,

Marahaba. Goti la Mama halijapoa, ila sasa lina kazi ya kutabiri mvua, na Mama analijivunia. Tangu asikie habari ya mimba amekuwa mtu mwingine. Yule yule aliyekaa arusini kwako amenuna kama aliyefiwa, kwa sababu umeoa ng'ambo ya mto, sasa anafuma sweta dogo na kuniambia, "Mkwe wangu aje azalie kwangu. Hospitali za huko nani anazijua?" Nikamkumbusha kwamba mkwe wake ni muuguzi wa hospitali za huko. Akasema ndiyo maana anahitaji kupumzika.

Umeniuliza kuhusu funguo. Nakuandikia hili ulisome kisha ulichome.

Juzi nilichukua kumbukumbu za kikao. Nilikaa pembeni na daftari langu, na kama kawaida wakanisahau, maana mpiga chapa kwao ni kama kabati. Alikuwepo Rais, Jenerali wetu, na yule kiongozi wa chama kikubwa cha huku Magharibi ambaye watu wote wanamwita Wakili. Rais aliuliza Bunge liitwe lini. Wakili akasema, "Mimi sitakaa benchi la wapinzani kama mwanafunzi aliyefeli." Rais akamgeukia Jenerali. Jenerali akasema watu wa Mashariki ni kelele tupu, wakionyeshwa fimbo watanyamaza, na kwamba Brigedia wako anasema hali ni shwari. Unaona? Kikaratasi kile unachokicheka, huku kinasomwa kama msahafu. Rais hakusema ndiyo wala hapana. Aliagiza chai nyingine.

Ndivyo nchi inavyoendeshwa, mdogo wangu. Jenerali hataki habari mbaya kabla ya chakula cha mchana, na baada ya chakula cha mchana analala. Kati yake na dunia amekaa Mnadhimu, bosi wangu, na penseli yake nyekundu. Ujumbe wenu unaletwa mezani kwangu kama ulivyopokelewa, Mnadhimu anaupitia, mimi naupiga chapa upya, safi, nakala tatu.

Usizungumze siasa na mtu. Vaa soksi kavu. Msalimu wifi.

Dada yako


Kambini
6 Machi

Dada,

Shikamoo. Naandika haraka, rubani anapakia.

Siku redio ilipotangaza kwamba Bunge limeahirishwa "mpaka itakapotangazwa tena", nilikuwa kwa kinyozi mjini. Kinyozi alizima mashine, akakaa kwenye kiti chake mwenyewe, akalia. Nilirudi kambini na nusu ya kichwa. Kufikia jioni maduka yalikuwa yamefungwa, na tangu hapo hayajafunguliwa. Treni zinasuasua. Wametukatia maji. Polisi wa hapa wamevua sare wakaondoka na bunduki zao. Kiongozi wa chama cha Mashariki naye ana ndimi mbili: uwanjani anasema uhuru, mezani anasema umoja, na kila mtu anarudi nyumbani na neno alilolipenda.

Jana Bwana Shwari alikuwa amekwenda kuwinda. Ndiyo, kuwinda. Meja, msaidizi wake, alishuka chumba cha redio akafunga mlango. Aliandika ripoti ya kweli na kuisaini kwa jina lake: chakula cha siku kumi na nane, maji hakuna, polisi wameasi, nusu ya askari wetu ni wazaliwa wa Mashariki na hawatawapiga ndugu zao. Mwisho akaandika: Tatizo hili ni la siasa, halina dawa ya kijeshi. Niliituma kwa mkono wangu, nikasubiri mpaka wakathibitisha kuipokea. Meja akanishika bega. "Angalau sasa wanajua," akasema.

Niambie, Dada. Imefika mezani?

Nakuuliza kwa sababu hii: treni ya mwisho ya kuja Magharibi inaondoka tarehe kumi na mbili. Nimemwambia wifi yako apande. Amekataa. Hospitali imebaki na wauguzi watatu, naye ni mmoja wao. Tumebishana mpaka jirani akagonga ukuta. Mwisho akasema, "Muulize dada yako. Yeye anaona vya ndani. Akisema kunaharibika, napanda. Akisema kutatulia, nabaki na wagonjwa wangu."

Basi nakuuliza. Nimpakie, au abaki?

Kitinda


Makao Makuu
10 Machi

Mpendwa Kitinda,

Marahaba. Barua yako nimeipata.

Ripoti ya Meja ilifika, na imesomwa na wanaohusika. Wakubwa wanalifahamu jambo hili na wanalishughulikia. Rais mwenyewe anakuja huko wiki ijayo kuzungumza. Msaada umeandaliwa. Kwa jinsi ninavyoona, mambo yatatulia.

Kwa mwanamke wa miezi minane, safari ya saa kumi na tisa kwenye benchi la treni ni hatari kuliko kukaa. Wifi abaki. Asibebe ndoo, na alale kwa ubavu wa kushoto.

Mama anawasalimu. Sweta limekwisha, ameanza soksi.

Dada yako


Kambini
2 Aprili

Dada,

Umekuwa shangazi. Mtoto wa kike, tarehe ishirini na tisa, ametangulia siku kumi. Mama yake alijizalisha karibu mwenyewe, akimwelekeza muuguzi mwanafunzi nini ashike na nini asishike. Ana nywele nyingi na hasira nyingi. Tumempa jina la Mama. Wazo hilo ni la wifi yako, si langu. Mwambie Mama hivyo, alijue.

Sasa mengine.

Rais alikuja. Alizungumza na kiongozi wao siku sita. Siku ya saba alasiri aliondoka bila kuaga, na ndege yake ilikuwa bado angani nilipopokea amri: pigeni. Niliandika kila herufi nikidhani nimesikia vibaya, nikaomba warudie. Wakarudia. Kikosi kilichotoka hapa kilikwenda mabweni ya wanafunzi. Sitakuandikia kilichofanyika kule. Siku ya pili wenzetu wa Mashariki waliondoka kambini na silaha zao, wakatuzingira. Sikuweza kuwalaumu.

Brigedia ameondoka kwa helikopta. Tulikuwa na majeruhi tisa wa kupakia. Walipakiwa watano, kwa sababu friji yake ilihitaji nafasi. Wanne tumewazika nyuma ya jiko. Meja ndiye kamanda sasa, na chakula, ingawa tunakula mara moja kwa siku, kimebaki cha siku nne. Ule msaada ulioandaliwa, Dada, uko wapi?

Wifi yako amerudi hospitalini siku ya tatu baada ya kuzaa, mtoto mgongoni. Mama mkwe amehamia hapo kumsaidia. Mji umejaa kuliko nilivyowahi kuuona. Watu wa vijijini wamekimbilia humu wote. Sokoni wanalala, shuleni wanalala, na hospitalini wagonjwa wawili kitanda kimoja, mmoja kichwa huku na mwingine kule. Sisi na wao tunapigana pembezoni, lakini katikati ya mji ni wanawake na watoto watupu.

Rubani anasema hii ni safari yake ya mwisho.

Kitinda


Makao Makuu
6 Aprili

Kitinda, mdogo wangu,

Mama amepiga vigelegele mpaka majirani wakaja. Mtoto ana jina lake! Amelia, amecheka, amesema mkwe wake ni mtu wa adabu na kwamba alijua tangu siku ya arusi.

Sikiliza. Mwambie wifi asiende hospitali siku hizi. Kesho wala kesho kutwa. Achukue mtoto na mama yake watoke katikati ya mji, waende popote, shambani, porini, popote. Usiniulize kwa nini. Na wewe kaa chini ya kitu kizito. Nakuomba kwa jina la marehemu Baba, usibishane na mimi mara hii.

Namtafuta rubani tangu asubuhi. Akishindikana naiweka posta.

Dada

(Mhuri juu ya bahasha: IRUDISHWE KWA MTUMAJI. HUDUMA YA MASHARIKI IMESITISHWA.)


Kambi ya wafungwa wa vita
30 Septemba
(Kadi. Maneno yasizidi hamsini.)

Dada. Niko hai. Tulisalimu amri tarehe kumi Aprili. Mke wangu aliuawa tarehe nane, hospitalini, kwa mabomu ya ndege zetu wenyewe. Mtoto yupo hai, kwa mama mkwe. Alikuwa amepelekwa kuogeshwa. Mwambie Mama taratibu. Msitume nguo.

Kitinda


Nyumbani, Magharibi
18 Oktoba

Kitinda wangu,

Nimeisoma kadi yako nimesimama mlangoni, na sijui nilikaaje chini. Mama nilimwambia baada ya siku mbili. Hakupiga kelele. Alikwenda kufungua sanduku, akatoa vile vinguo vyote, akavikunja upya kimoja kimoja, akavirudisha.

Wifi yangu nilimwona mara moja tu maishani, siku ya arusi, na kati ya watu wote yeye ndiye aliyegundua kwamba kiatu kinanibana, akanivulia pale mezani huku anacheka. Mungu amweke mahali pema. Vita ni vita, mdogo wangu, havina macho. Ni mipango ya Mungu na sisi hatuna uwezo juu yake. Jitahidi kula. Mtoto anakuhitaji.

Hapa kila kitu kimebadilika. Rais amejiuzulu, Wakili ndiye Rais wa kilichobaki. Wameunda Tume ya kuchunguza nani aliyetupotezea nusu ya nchi. Mimi bado niko ofisini.

Dada yako


Mashariki
22 Januari

Dada,

Wametufungulia mwezi uliopita. Wenzangu walipandishwa malori kurudi kwenu. Mimi niliomba kubaki. Mtoto yuko hapa na kaburi liko hapa.

Usiniandikie tena kwamba ni mipango ya Mungu. Mungu hana ndege.

Kule kambini nililala kitanda cha jirani na rubani wa vita aliyeangushwa siku ile ile ya tarehe nane. Kijana mpole, alikuwa anatetemeka akisikia mlango. Miezi mitano hatukuzungumzia jambo hilo, kisha siku moja akaniambia mwenyewe. Alisema kabla ya kuruka walisomewa karatasi kutoka Makao Makuu: Raia wote wamekwisha ondoka. Mji ni mtupu. Waliobaki ni waasi. Alisema alipokuwa juu aliona nguo zimeanikwa kwenye paa la hospitali, akajiuliza, mji mtupu unafua nguo? Lakini karatasi ilikuwa imesainiwa.

Mimi nilikuandikia kwamba mji umejaa. Barua ya tarehe mbili. Rubani wetu nimemwandikia, naye ameapa kwamba alikukabidhi mkononi.

Na wiki hii nimesikia redio ya kwenu ikisoma matokeo ya mwanzo ya Tume. Wanasema maafa yalitokea kwa sababu "waendesha mitambo wa Mashariki walishindwa kuufahamisha uongozi hali halisi". Waendesha mitambo ya redio tulikuwa watatu. Wawili wamekufa. Kwa hiyo aliyeivunja nchi ni mimi. Na Meja, ambaye alisalimu amri akaokoa watu mia nne na kumi, mmemfungulia mashtaka ya usaliti. Bwana Shwari amepewa ubalozi.

Sina swali kwa Jenerali. Kwako ninalo moja. Karatasi ile ilipigwa chapa na nani?

Kitinda


Nyumbani
14 Machi

Kitinda,

Nilichelewa kukujibu kwa sababu nilitaka kwanza kulisema mbele ya watu, nisije nikakuandikia wewe kwa siri halafu nikaishia hapo. Nililisema wiki iliyopita, mbele ya Tume.

Niliipiga mimi.

Nitakueleza tangu mwanzo, wala usinionee huruma popote. Ripoti ya Meja ilifika mezani kwangu kama ulivyoituma. Niliisoma mara mbili. Mnadhimu akaipitia na penseli yake. Siku kumi na nane za chakula akazifanya miezi mitatu. Habari ya polisi akaifuta. Ile sentensi ya mwisho, kwamba halina dawa ya kijeshi, aliikata kwa mistari miwili, akacheka, akasema, "Huyu Meja amekuwa mshairi." Mimi nikapiga chapa safi, nakala tatu. Siku nne baadaye nikakaa kwenye mashine ile ile nikakuandikia kwamba wifi abaki.

Kwa nini? Nimejiuliza mwaka mzima. Nilimsikia Jenerali ukumbini akisema wiki moja itawatosha watu wa Mashariki, na nikachagua kumwamini, kwa sababu nikimwamini, basi sikuwa nimefanya kitu kibaya. Ukishapiga chapa uongo, unautafutia ukweli popote ili upate kulala. Ndipo nikampa mke wako uongo ule ule, nikauwekea na ushauri wa kulala kwa ubavu wa kushoto.

Sasa ile ya pili. Barua yako ya tarehe mbili niliipata tarehe tano asubuhi. Niliisoma chooni, nikaingia ofisini na furaha ya kuwa shangazi. Saa nane mchana Mnadhimu akanipa rasimu: mji ni mtupu. Nikamwambia, "Afande, nimesikia mji una watu." Akaniangalia kwa mara ya kwanza tangu tufanye kazi pamoja. "Umesikia kutoka kwa nani?" Nikanyamaza. Nilijiambia kwamba nikikutaja, nimekupeleka mbele ya ukuta wa risasi. Hilo ni kweli. Lakini ningeweza kusema nimesikia redio ya nje, au sokoni, au nimeota. Ningeweza kumwaga wino juu ya karatasi. Nilinyamaza kwa sababu niliogopa kwa ajili yangu, Kitinda. Nikapiga chapa. Ilinichukua dakika nne, na sikukosea hata herufi moja.

Naweka humu barua niliyokuandikia kesho yake, iliyorudishwa na posta. Si utetezi. Niliandika barua mahali nilipopaswa kupiga kelele.

Kuhusu Tume. Ukumbi ulijaa. Mwenyekiti aliniuliza, "Mama, unaelewa kwamba maneno haya yanakufunga na wewe?" Nikasema naelewa. Niliwapa madaftari yangu ya hatimkato na nakala zangu za kaboni, ile ya Machi na ile ya Aprili. Jenerali alikuwa kiti cha mbele, amevaa miwani myeusi. Alisema yeye alisaini kilicholetwa mezani. Mnadhimu akasema aliandika alichojua Jenerali anataka kusikia. Rais wa zamani alituma barua kwamba alishauriwa vibaya. Wakili hakuitwa, maana ndiye anayewalipa mshahara. Nchi imevunjika, na hakuna aliyeivunja.

Mwisho wa siku Mwenyekiti alisoma kwa sauti kwamba waendesha mitambo wa Mashariki walituma taarifa sahihi na kwa wakati. Niliomba lirudiwe, likarudiwa. Kisha wakafunga jalada, wakaligonga mhuri wa Siri. Halitachapishwa. Lakini watu mia mbili walisikia, na jina lako ni safi midomoni mwao.

Mimi nimefukuzwa kazi, ni haki. Kesi yangu bado.

Mama alisimuliwa yote na jirani aliyekuwa ukumbini. Anapika, ananipakulia, kisha anachukua sahani yake anakwenda kula chumbani.

Sikuombi msamaha. Sina sura ya kuomba. Uliuliza, nimejibu.

Dada


Nyumbani
3 Novemba

Kitinda,

Nimekuandikia mara nne tangu Machi, hujajibu, na una haki. Hii naiandika kwa amri ya Mama, ambaye amekaa hapa anahakikisha naandika asemavyo.

Anasema: "Mwanangu, mimi ni mzima ila macho yananiacha. Nataka kumwona mwenye jina langu wakati bado naona. Nasikia mpaka umefunguliwa kwa wenye ndugu. Goti haliniruhusu kusafiri peke yangu. Niambie nije vipi."

Hayo ni yake. Ya kwangu ni haya: kesi imefutwa, si kwa sababu sina hatia, bali kwa sababu kunihukumu mimi kungewalazimu kulifungua jalada. Sasa napiga chapa barua za watu nje ya mahakama. Naweza kumfikisha Mama mpakani nikamkabidhi kwa yeyote utakayemtuma, kisha nikarudi.

Dada


Mashariki
28 Novemba

Dada,

Shikamoo. Shikamoo Mama.

Barua zako zote nilizipata. Nilizisoma. Kila nilipokaa kujibu, mkono uliandika tusi, nikachana. Kuna siku nilitaka ufungwe. Kuna siku nilimwona yule bosi wako akiuliza "umesikia kutoka kwa nani", na nikajiuliza mimi ningejibu nini. Nilituma "hali ni shwari" mara mia mbili na zaidi kabla ya siku ile ya Meja, kwa sababu niliambiwa nitume. Nilicheka, lakini nilituma. Hili halikupunguzii wewe kitu. Linaniongezea mimi.

Nafanya kazi ya simu hapa stesheni ya reli. Wameniandikisha uraia. Nilipoapa, karani aliniuliza nchi ya kuzaliwa, nikamtajia ile ya zamani, akasema haipo kwenye orodha, nichague moja. Nilikaa pale kama mjinga mpaka waliokuwa nyuma yangu kwenye foleni wakaanza kulalamika.

Mtoto anatembea, na anasema. Bibi yake wa huku amemlea vizuri. Mama mkwe nimemwambia yote, barua yako ya Machi nilimsomea neno kwa neno. Alikwenda kufua nguo za mtoto. Jioni akaniuliza, "Huyo dada yako ana watoto?" Nikasema hana. Akasema, "Basi huyu ndiye wake. Asimkimbie." Mimi sijafika alipofika yeye.

Kwa hiyo sikiliza. Mama asikabidhiwe kwa mtu. Mlete mwenyewe, mpaka ndani.

Nina sharti moja. Siku moja mtoto huyu atauliza mama yake alikufaje. Sitamwambia mimi. Utamwambia wewe, kama ulivyowaambia wale wa ukumbini, bila kuacha neno. Kama huwezi kukubali hilo, basi mfikishe Mama mpakani urudi, nami nitaelewa.

Kama unakubali, pandeni treni ya Jumatano. Mpakani askari atakuuliza unakwenda kwa nani. Mwambie unakwenda kwa mwanao, mtoto wa mdogo wako. Ndivyo nilivyojaza kwenye fomu. Mkishuka, nyumba ni ya tatu nyuma ya tangi la maji, mlango wa kijani. Mama mkwe atakuwepo. Mimi asubuhi mtakayofika nitakuwa zamu, nimejifungia chumba cha simu. Niliiomba mwenyewe, maana sijui uso wangu utafanya nini nikikuona unashuka.

Natoka saa kumi. Usiondoke kabla sijarudi.

Kitinda